Majirani Sita na Mjukuu Ndani ya Piano

Siku nilipoisafisha piano ya Sir Lucien mpaka ikawa bubu, asubuhi tulikuwa watatu nyumbani Mirdif, hapa Dubai, na alasiri tukawa watano. Asubuhi alikuwepo Sir mwenyewe, Lucien Charvaz, Mfaransa, mtunzi wa muziki wa filamu. Alikuwepo Wycliffe Wekesa, dereva, Mkenya wa Kakamega. Na nilikuwepo mie, Mwajuma Haji wa Kikwajuni, mpishi na msafishaji. Alasiri wakaongezeka Madam Odile, mke wa Sir, na Bwana Nadim Sarrouf, mwongozaji wa filamu aliyepanda ndege kutoka Beirut kuja kusikiliza muziki. Bi Salma, binti wa mama yangu mdogo anayekaa Al Baraha tangu ujana wake, hakuwepo, ingawa akiisimulia siku hizi utadhani ndiye aliyeshika tochi.

Nimestaafu mwezi juzi. Niko hapa kwa Bi Salma nangoja safari ya Unguja, na wasichana wanaokuja Ijumaa kupumzika, wa Tanga, wa Mombasa, wa Kampala, wameniganda niwaandikie nilivyokaa nyumba moja miaka saba bila kugombana na mtu. Nilisoma mpaka darasa la nne, kwa hiyo msitegemee ufundi. Mshahara msiniulize, nilioupata niliula. Nitawaambia kazi. Na ninayo sababu nyengine ya kuandika, aliyenipa ni Madam wiki iliyopita, nitaifikia.

Siku ya kwanza Wycliffe alinifuata hapa chini ya jengo na gari la Madam. Nikafungua mlango wa nyuma. Akaniambia, "Shosh, kuja mbele, mimi si teksi." Shosh kwao ni bibi, na tangu siku ile sikuwa na jina jengine mdomoni mwake. Njiani akanikabidhi nyumba kama askari anayekabidhi zamu. Madam anafanya kazi ofisini karibu na uwanja wa ndege, anatoka asubuhi. Sir hatoki. "Anashinda na piano na televisheni. Picha ni ileile, mara mia. Mtu anafungua mlango, anafunga, anafungua tena. Usishtuke, hiyo ndiyo job yake."

Sir alinipokea mlangoni mwenyewe, amevaa kandambili. Mtu mrefu, nyusi nyingi, kichwani hamna kitu. Nikamwuliza kwa Kiingereza changu cha jikoni, kafeel wangu nani, mwenye kunidhamini viza, nimjue. Akasema ni Madam. "Na mimi kafeel wangu ni Madam vilevile," akasema. "Niko Dubai kwa viza ya mke wangu. Basi Bibi, mimi na wewe tuna arbab mmoja, bosi mmoja. Tumwogope pamoja." Nikajua hapa nitakaa.

Masharti yalikuwa mawili. La kwanza, meno ya piano, vile vibao vya kupigia, asiguse mtu, hata kwa kitambaa kikavu, anayafuta mwenyewe. La pili, akiwasha taa nyekundu juu ya mlango wa chumba chake, nyumba nzima inyamaze, maana anarekodi. Likumbukeni vizuri lile la kwanza. Alisema meno. Hakusema kitu chengine.

Kunyamazisha nyumba ni kazi, wanangu, nyinyi mnadhani ni kufunga mdomo. Taa ikiwaka nilizima mashine ya kufulia, halafu AC, hata iwe Agosti, Sir akabaki na fulana anatiririka kama barafu. Mwisho nikazima friji, maana friji inanguruma na mashine yake ya kurekodi inasikia kila kitu. Tatizo la kuzima friji ni kusahau kuiwasha. Mara ya kwanza nilisahau, tukatupa kuku wawili. Sir akanifunza dawa yake ya zamani: ufunguo wa gari unatiwa ndani ya friji. Hakuna atakayetoka nyumbani kabla hajaufungua mlango wake, na akiufungua akakuta giza, anakumbuka. Wycliffe hakuipenda. Siku moja alimchelewesha Madam, akaenda kujieleza kwamba ufunguo ulikuwa nyuma ya chupa ya laban, maziwa yao ya mgando. Madam alimwambia, "Najua. Nimeolewa na huyo mtu miaka thelathini."

Zikabaki ndege. Mirdif ndege zinapita juu ya paa utadhani zinatafuta maegesho. Hizo huwezi kuzizima. Ndipo nikapata kazi ambayo haimo katika mkataba wa mtu yeyote: nilisimama uani, natazama juu, ndege ikitokeza napunga kanga, Sir ananiona dirishani, anasimamisha. Ikipita nakunja kanga, anaendelea. Kwa mwezi mmoja nikawa najua nafasi zao, zipi zinafuatana na zipi zinaachia pengo la kutosha kupiga wimbo mzima. Sir alinambia katika maisha yake amefanya kazi na waongoza okestra wengi, lakini wa kutumia kanga mie ni wa kwanza.

Maisha yake nimeyapata jikoni, kidogo kidogo, akija kuchukua kahawa. Kazaliwa mji wa machimbo ya makaa, kaskazini kwao, baba yake akitengeneza kodiani mbovu za watu. Umri wa miaka kumi na minne alikuwa akipiga piano kwenye ukumbi wa dansi, anakaa juu ya magazeti ili afikie. Filamu yake ya kwanza ilihusu dereva wa lori, alipewa siku tatu na hakuna fungu la kuwalipa wapigaji, basi akamwita baba yake na kodiani. Baba akapiga akiwa na koti la kazini, akauliza, "Lori lenyewe liko wapi?" Baada ya hapo filamu zikaja nyingi, nyengine mwenyewe kazisahau, mpaka akawa mtu wa kupigiwa simu usingizini.

Halafu simu ikanyamaza. Filamu mbili kwa kufuatana alimaliza muziki, ukarekodiwa, na wenye filamu wakautoa wote wakatia wa mtu mwengine. Alikwenda kuitazama ya pili sinema, kakaa kiti cha mwisho, akasikia muziki usio wake chini ya picha alizozijua kama mistari ya kiganja. Madam alipopata kazi Dubai, Sir akatia piano katika sanduku la mbao akamfuata. Hilo hakulisimulia kwa kicheko, ingawa mengi aliyasimulia kwa kicheko.

Kwa hiyo Bwana Nadim alipompigia simu kutoka Beirut, nyumba ilibadilika harufu. Filamu ilikuwa ya mwanamke wa milimani aliyefiwa na mume. Anaifunga nyumba yao, chumba baada ya chumba, basi. Hapigwi mtu bunduki. Bwana Nadim alikuwa kijana, waliotoa fedha walitaka mtunzi anayetajwa siku hizi, yeye akamtaka Sir. Sir akamwambia Madam mbele yangu, mie nikimenya vitunguu, "Huu nao wakiutupa, nauza piano, na sitaki kusikia neno."

Ilikuwa tabia yake kuniita nitazame picha kabla haijatiwa muziki. "Bibi, unaona nini?" Nilimwambia nionacho. Siku moja akanionyesha yule mjane anaingia chumba cha kulala, anafungua kabati, anaona makoti ya mumewe. Sir alikuwa ameshatia fidla hapo, zinalia kweli kweli, kuanzia anaposhika mlango. Akanigeukia, akasema, "Sema."

"Sir, kwetu msibani jirani hatangulii kulia. Anakaa kitako, anamtazama mwenye msiba. Mwenyewe akianza, ndipo unamwitikia. Ukitangulia wewe, watu watauliza kafiwa nani hapa. Sasa huyu mama hajalia, na hizo fidla zako zimeshagaragara chini."

Akazima. Kesho yake fidla hazikuwepo. Akaanza kutafuta sauti za kukaa kitako. Sauti za nyumba, alisema, zinazojua kungoja.

Wiki ileile nikaanza kupotelewa na vitu. Kibanio cha nguo, cha mbao. Cha pili. Kijiko kimoja cha chai katika seti ya sita. Nikamwuliza Wycliffe, akasema, "Shosh, mimi na kibanio wapi na wapi? Nguo zangu naanika kwa kiti." Nikaacha.

Na kutoka chumba cha Sir zikaanza kutoka sauti ambazo si za piano. Mie niko jikoni nakaanga, nasikia mtu anakohoa, mtu anatikisa funguo, mtu anaburuta makubadhi. Kichwa changu kina tabia ya majina, hakiachi kitu bila kukipa. Mkohozi nikamwita Mzee Makame, maana ndivyo alivyokuwa akikohoa akipita uchochoroni kwetu, ndipo tukijua ni alfajiri. Mwenye funguo ni Bi Kidawa Omar, nyumba ya pili, aliyefunga hata kabati la vikombe. Kuna sauti ya kupiga bapa, kama dasta ubaoni, huyo Mwalimu Shaaban. Makubadhi ni ya Fatma Mbarouk. Kuna mmoja anacheka kwa pua, Bi Tatu. Kuna Khamis Fundi na nyundo yake ya bati. Na juu kabisa, huko mwisho wa kulia, kulikuwa na kitu kidogo, ting, kama mtoto anagonga kijiko kwenye kikombe cha bati chumba cha pili. Huyo nilimwita Raiyan, mjukuu wangu, niliyemwacha hajaota meno ya juu. Ikifika sehemu yake nilikuwa napunguza moto.

Sasa siku yenyewe. Usiku wa kuamkia siku hiyo ulivuma upepo wa mchanga, na mchanga wa Dubai hauzuiliwi na dirisha, unaingia hata kwenye sukari. Bwana Nadim anafika alasiri. Madam akitoka asubuhi kaniambia, "Bibi, mgeni huyu ni maisha ya Lucien. Safisha kila mahali." Sir alitoka, jambo la ajabu, kwenda kukata nywele alizokuwa hana. Alikuwa na wasiwasi tu, alitaka apelekwe mahali.

Nikafuta kila mahali. Nikafika kwenye piano, ile kubwa yenye mkia. Meno sikuyagusa. Nikainua kifuniko kikubwa cha juu nifute mchanga, nikachungulia. Vibanio vyangu. Vimepachikwa kati ya nyaya. Kijiko changu cha chai kimelala juu yake. Na kizibo cha chupa, na raba ya kufutia, na skrubu mbili. Nikasema, maskini Sir, kazi imemzidi, anaweka taka ndani ya piano, na mgeni akiinua kifuniko hiki tumeaibika. Nikatoa vyote. Kijiko nikakiosha nikakirudisha kwa wenzake. Vibanio nikavitia kazini, shuka zilikuwa zinangoja kuanikwa. Skrubu nikazitia kwenye chupa ya jamu stoo, raba na kizibo kwenye pipa. Nikafuta nyaya zote kwa brashi laini. Nawaambieni, ilimeta.

Sir akarudi, akakaa, akapiga. Nikiwa jikoni nikasikia piano. Piano tupu, tamu, kama ya hotelini. Mzee Makame hayupo. Bi Tatu hayupo. Mkono wangu ukasimama juu ya unga.

Wycliffe alikuwa mlangoni. Nikamweleza kwa maneno matatu. Akashika kichwa. "Shosh, hiyo imeenda. Sikia, tuseme ni AC imetikisa. Ama tuseme ni huo upepo."

"Upepo umeosha kijiko ukakirudisha kabatini?"

"Basi sema wewe, mimi nilikuwa kwa kinyozi."

Nikaenda. Nikamwambia Sir, ni mie, nilidhani taka, vitu vyote vipo isipokuwa viwili viko kwenye pipa. Nilingoja aniambie nifunge sanduku. Akainama akatazama ndani ya piano, akakaa chini sakafuni na suruali yake ya mgeni. Akasema polepole, "Sikuandika mahali. Nilitafuta wiki tatu. Kila kimoja kikisogea unene wa ukucha, ni sauti nyengine. Na Nadim anashuka saa nane."

"Sir," nikasema, "mahali sipajui. Lakini wenyewe nawajua."

Akaniuliza wenyewe nani. Nikamtajia, Mzee Makame, Bi Kidawa, wote. Alinitazama kama anayesikiliza habari ya mji aliojenga bila kujua kuna watu. Kisha akasimama. "Yalla," akasema. "Walete."

Wycliffe akalipindua pipa kwenye gazeti. Mie nikaenda uani kumvua Mzee Makame kwenye shuka ya Madam. Nilipojaribu kusikiliza nimesimama hapo hapo karibu na piano, sikumtambua mtu. Nikamwambia Sir, mie huwasikia kutoka jikoni, lazima nirudi kwangu. Basi nikasimama mbele ya jiko, Wycliffe akasimama ukumbini katikati ya mie na Sir, na tochi mkononi, sijui ya nini, mchana mweupe. Sir anapachika, anapiga. Nasema, "Huyo si Makame, huyo ana mafua." Wycliffe anapaaza, "Ana mafua, Sir." Sir anasogeza. "Karibu. Arudi nyuma kidogo." "Arudi nyuma." Anakohoa sawasawa. "Ndiye huyo. Mwache." Wycliffe akasema kazi ya kumleta Bi Kidawa ni ngumu kuliko kupata liseni ya Dubai. Ndege ikipita tunasimama wote, kila mtu mahali pake.

Ilikwenda hivyo mpaka wa sita. Bi Tatu alitusumbua, hacheki ila akilazwa mshazari. Saa saba na nusu akabaki mmoja, skrubu ndogo ya shaba.

Sir akaipachika. Akapiga. Nikasema, "Huyo siye." Akasogeza. "Siye. Hapo pamelia mbao tu." Akasogeza tena, akasema kwa sauti, "Hapo! Vizuri sana," na mie sikuwa nimesikia kitu ila nyundo kugonga. Nikatoka jikoni. Nikasimama mlangoni mwa chumba chake. Alikuwa anapiga lile jino, lile lile, na hatazami nyaya. Ananitazama mie usoni, kama mtoto anavyomtazama mwalimu ajue jibu ni kweli au uongo.

Hapo mambo madogo madogo yakanirudia yote mara moja. Sufuria yangu ya presha ikipiga filimbi karibu yake na yeye anaendelea kunihadithia. Saa ya mayai. Simu ya Madam ndani ya mkoba.

Nikamwambia Wycliffe akaone kama kuku anaungua. Hapakuwa na kuku. Alipokwisha kwenda nikasema, "Sir, huyu humsikii."

Akaondoa mkono. "Tangu mwaka jana. Zile za juu zimekwenda kwanza. Odile hajui. Nadim akijua, khalas, nani atampa filamu mtunzi kiziwi?"

"Sasa uliipachika vipi?"

"Kwa hesabu. Najua ninapotaka iwe. Sijapata kuisikia hata siku moja." Akakuna nyusi. "Wewe umeisikia?"

"Kila siku."

"Ikoje?"

Nikamwambia. Kijiko, kikombe cha bati, mtoto chumba cha pili. Hajaitwa, hajui kama kuna msiba. Nikamwambia na jina lake. Alisikiliza mpaka mwisho, halafu akacheka kidogo. "Na ni nzuri?"

"Kuliko zote, Sir."

"Bila shaka. Ile ambayo siipati."

Akanipa skrubu. Siku ile ndiyo niliyoyagusa meno ya piano mara ya kwanza, kwa ruhusa. Yeye anaonyesha, mie napachika na kupiga kwa kidole kimoja, mpaka Raiyan akagonga kikombe chake. Tukakubaliana jambo. Mie nitakuwa nasimama na sinia ya kahawa mlangoni. Bwana Nadim akiuliza lolote la huko juu, sinia ikiwa kifuani ni sawa, ikishuka kiunoni si sawa. Nilijua Madam ndiye kafeel wangu na namficha. Sikupenda. Lakini siri ya sikio la mtu si yangu kuitoa.

Bwana Nadim akafika na Madam. Kijana mwembamba, viatu vya vumbi, kanisalimia vizuri, "Salaam, Mama." Wakakaa. Picha ikawashwa, Sir akapiga akiitazama. Yule mjane akafungua kabati, makoti yakaonekana, na majirani wangu wamekaa kitako wanangoja. Mzee Makame akakohoa mara moja. Mjane akakaa kitandani. Ndipo, kwa mbali, Raiyan. Yule mjane akalia hapo. Mie picha ile nilikuwa nimeiona mara ishirini, na bado nikasahau kama nimeshika sinia.

Bwana Nadim akasema, "Hiyo ya mwisho, ya juu kabisa. Unaweza kuichelewesha kidogo?" Sir akapiga tena. Sinia kifuani. "Na tena?" Sir akapiga. Bwana Nadim akainamisha kichwa. "Sasa hivi imebadilika, au masikio yangu?"

Ilikuwa imebadilika kweli. Sinia ikashuka. Sir akanitazama mie, muda mrefu kuliko inavyopasa kutazama kahawa. Bwana Nadim akageuka kufuata macho yake. Madam naye akageuka. Nikabaki nimesimama na sinia kiunoni, na vikombe vitatu.

Ndege ikapita, tukaingoja wote. Ilipokwisha Sir akafunga meno ya piano kwa kifuniko chake. "Sauti hiyo siisikii, Nadim," akasema. "Anayeisikia ni yeye. Nilitaka nikuambie baada ya kahawa, lakini ningekuwa mwongo. Nilitaka nisikuambie kabisa."

Nilimtazama Madam. Alikuwa kama mtu aliyekanyaga ngazi isiyokuwepo.

Bwana Nadim akasugua magoti. Akasema, "Baba yangu alikuwa fundi wa udi. Miaka kumi ya mwisho hakusikia kitu. Alikuwa anauma mbao kwa meno apate mtetemo, ndipo anakaza nyuzi. Watu walikuja kutoka mbali, wanangoja mzee aume." Kisha akanigeukia mie. "Mama, imepanda au imeshuka?"

"Haikupanda wala haikushuka," nikamwambia. "Skrubu imelegea. Leo asubuhi niliitoa nikidhani taka, nikairudisha, na mkono wangu si wa fundi."

Akanitazama mie, akamtazama Sir, akatazama ndani ya piano, akaona kijiko cha chai. Akacheka mpaka akaegemea. Kutoka jikoni nikamsikia Wycliffe naye anacheka, kumbe alikuwa anasikiliza. "Ikaze," Bwana Nadim akasema. "Na msiguse kitu chengine mpaka tumalize kurekodi. Mama, wewe hasa."

Nilifikiri limekwisha. Madam akasimama, akamwambia mumewe, "Lucien. Mimi ni kafeel wako. Mtu wa jikoni anajua, Beirut inajua, dereva anajua. Mimi ndiyo nimeambiwa mwisho, kwa sinia." Sir akasema, "Niliogopa." Madam akasema, "Ulisema mniogope pamoja, wewe na Bibi. Hukusema uogope peke yako." Kumbe lile neno la siku ya kwanza alishahadithiwa. Akanigeukia nikajua zamu yangu imefika. "Na wewe Bibi, kesho utanipigia filimbi ya presha nione anaposimama na anapoacha kusikia. Nataka kujua nyumba yangu." Na kesho yake tulifanya, Sir anarudi nyuma hatua hatua ukumbini, anakasirika, anacheka.

Muziki ule haukutupwa. Wenye fedha walitia ngumu, Bwana Nadim akatia yake. Siku za kurekodi nilikuwa nafika kwenye piano kabla ya chai, nawakagua majirani mmoja mmoja, nahesabu meno kutoka kushoto, napima kwa kidole, ndipo taa nyekundu inawashwa. Tangu hapo kila filamu, Sir anatunga na mie nakaa kwenye stuli mlangoni namenya viazi, ikifika juu namwambia. Akatiwa vifaa vya masikio, akavitukana, akavizoea. Filamu ya mwisho, mwezi kabla hawajarudi kwao, alitunga yote chini, kwenye nyaya nene. Alinambia, "Nimehamia sakafu ya chini, Bibi, ngazi zimenishinda." Niliona ni nzuri.

Nyinyi mnaoanza, chukueni hili: tajiri akikwambia usiguse meno, mwulize na tumbo je. Na ukikosea sema mapema, wakati pipa halijachukuliwa.

Sasa sababu yangu nyengine. Madam kanipigia simu kutoka kwao. Bwana Nadim anataka muziki ule upigwe ukumbini Beirut, mbele ya watu, na msichana mpigaji. Karatasi za Sir zipo, noti zote zimo. Majirani hawamo. Piano iliuzwa, vitu vilitolewa siku nyingi. Madam alimwuliza Sir vinakaa wapi, Sir akamwandikia kwenye karatasi: muulize Bibi. Basi, Nasra binti wa Bi Salma atayatuma haya kwa Madam Jumatatu.

Kutoka kushoto. Mzee Makame, kibanio cha mbao, jino jeupe la tisa, vidole vitatu kutoka zinapogonga nyundo za piano, na wengine wote napima kutoka hapo hapo. Bi Kidawa Omar, kizibo cha chupa, kichwa chini, jino jeusi la nane, kidole kimoja. Mwalimu Shaaban, raba nzima isiyokatwa, meupe la kumi na tisa na la ishirini, anakaa katikati yao. Fatma Mbarouk, kibanio cha pili, kisiwe kipya, jeupe la ishirini na sita, vidole viwili. Bi Tatu, kijiko cha chai, mgongo juu, mshazari kuanzia jeupe la thelathini na moja. Khamis Fundi, skrubu kubwa, jeusi la ishirini na sita, vidole vinne. Na Raiyan, skrubu ndogo ya shaba, jeupe la nne ukihesabu kutoka mwisho wa kulia, nusu kidole tu, ikazwe kwa mkono wa mwanamke.

Wycliffe, najua unasomewa haya au unayasoma. Kama nimempeleka Bi Kidawa nyumba isiyo yake, nipigie kabla ya Jumatatu, wewe ulikuwa ukumbini. Bwana Nadim naye anirekebishe, na Madam. Kwa wale sita Sir mwenyewe anaweza kunisahihisha. Lakini huyo wa saba, nikimkosea, Sir hatajua. Kwa hiyo mliomsikia siku ile, tafadhalini, mnihakikishie.